Nilivyokuwa Nakisia Siku ya Kufunga Shule Doha

Vijana wangu, nikiwaambia kwamba Uarabuni nilikuwa msimamizi wa mabasi ya shule, mnaitikia kwa adabu na kurudi kwenye simu zenu. Nikiongeza kwamba sehemu kubwa ya kazi hiyo ilikuwa kukisia kama kesho shule itafungwa kwa sababu ya hali ya hewa, mnainua vichwa. Doha? Kule kwenye jua?

Ndiyo, kule kule. Na kwa kuwa baadhi yenu mnafuatilia viza za udereva, afadhali mnisikilize.

Niliondoka Tanga nikiwa na leseni ya magari makubwa na sweta zito ambalo shangazi yangu alinifumia. Shangazi aliamini kwamba mtu akishapanda ndege, huko anakokwenda ni baridi. Ndugu walimcheka. Januari yangu ya kwanza Doha, alfajiri, nikifuta ukungu kwenye kioo cha basi huku meno yanagongana, nilimkumbuka kwa heshima zote. Hakujua kitu, lakini alipatia.

Sehemu kubwa ya mwaka mbingu ya Doha haina kazi. Inakaa tu pale juu. Kuna joto, kisha joto zaidi, kisha watu wanaulizana kama joto limepungua. Halafu, kati ya mwisho wa joto na katikati ya baridi, huja mvua chache, na mvua hizo hazina mahali pa kwenda. Ya kwetu Tanga ikinyesha inateremka, inajua njia. Ya Doha inasimama katikati ya barabara kama mgeni aliyeshushwa kituo kisicho chake. Mji ni tambarare, na chini ya mchanga kuna mwamba. Ikinyesha saa moja tu, kipilefti cha makutano kinakuwa bwawa, magari yanazima, na mzazi aliyeko ofisini West Bay hawezi kumfikia mtoto aliyeko upande wa pili wa mji.

Nilianza kama dereva, miaka ya mwanzo ya elfu mbili, katika shule ya binafsi ambayo sitaitaja. Wakati huo siku ya mvua hakuna aliyeamua chochote. Mwalimu alimsubiri mkuu, mkuu alisubiri tangazo, na sisi madereva tulikuwa tumeshaondoka, kwa sababu basi la shule linatoka kabla watu wenye maamuzi hawajaamka. Tangazo la kufunga likija, watoto wako njiani. Tunageuza. Nyumbani mama ameshakwenda kazini. Tunageuza tena. Kuna asubuhi moja niliwazungusha watoto mpaka wakaniuliza kama tunakwenda ziara.

Kisha akaja mwalimu mkuu mpya, mama wa Kikanada, Madam Lorna. Mrefu, sauti ya chini, anatembea kama mtu anayeogopa kuteleza hata kwenye zulia. Kwao theluji hufika madirishani. Katika kikao chake cha kwanza alitueleza kwamba kule, siku ya theluji, kuna mtu maalumu anayeamka alfajiri, anaingia kwenye gari lake na kuzunguka njia zote za mabasi. Akirudi, shule iko wazi. Asiporudi, shule imefungwa.

Nilimuuliza kama huo ni utani. Akasema, kidogo.

Akauliza mtu huyo kwetu ni nani. Wote wakatazama meza. Mimi nilikuwa natazama dirishani, naye akachukulia hiyo kuwa ni dalili ya uzoefu. Hivyo ndivyo nilivyopata cheo. Nilikabidhiwa simu ya ofisi na maelekezo mafupi, ambayo nayakumbuka mpaka leo. Alisema kama mvua itanyesha ataambiwa na watu wa hali ya hewa, wamesomea na wana vyombo. Anachotaka kwangu ni kujua kama basi litapita.

Hayo ni maswali mawili tofauti, vijana. Mvua kubwa inaweza kunyesha baharini, basi likapita vizuri. Na manyunyu ya kawaida yanaweza kukuta mitaro imejaa mchanga wa kiangazi kizima, usiweze kufika hata dukani. Ndiyo maana mvua ya kwanza ya msimu ni mbaya kuliko ya tatu, hata ikiwa ndogo. Ya kwanza inakuta vumbi, mifuko ya plastiki na makopo. Ya tatu inakuta njia imeshasafishwa.

Hilo sikulijua mwenyewe. Nilifundishwa na Gul.

Gul alikuwa Mpathani kutoka kando ya Peshawari, ndevu amezipaka hina, dereva wa njia ya Al Wukair. Kabla ya mabasi aliendesha boza, lori la tangi la kunyonya maji barabarani, kwa miaka mingi. Mvua ikinyesha, wenzake walikimbilia nyumbani, yeye alikimbilia bwawani. Kwa hiyo alikuwa na ramani ya Doha ambayo si ya barabara, ni ya maji. Tulizungumza Kiarabu cha vibarua, Kihindi kidogo na mikono. Ijumaa asubuhi alikuwa akija kunichukua mtaani kwangu Fereej Bin Mahmoud na pikapu ya binamu yake Zarin, katikati ya kiangazi, ardhi imekauka inapasuka, ananitembeza kunionyesha mabwawa ambayo hayapo.

"Hapa bahari," anasema, akionyesha kipilefti kikavu ambacho paka amelala katikati yake.

Tunakwenda mbele. Anapunguza mwendo. "Hapa si bahari." Tunaendelea.

Alinifundisha kuangalia upepo. Upepo wa kaskazini, wenyewe wanauita shamali, unaleta vumbi na baridi, na hauna mvua. Unaotoka kusini mashariki wanauita kausi. Huo ni wa uvuguvugu na una unyevu, na ukishuka kwenye gari lenye kiyoyozi miwani yako inafunga ukungu hapo hapo. Kausi ikivuma siku mbili wakati wa baridi, jiandae. Alinifundisha pia kuyatazama maboza. Ukiyaona yamepangwa kando ya makutano na mbingu bado safi, basi wapo watu wanaojua zaidi yako, na hao usibishane nao.

Na jambo la mwisho, ambalo yeye mwenyewe lilikuja kumpata: Doha haikai palepale. Kila ukiamka barabara imechimbwa, imehamishwa, imeinuliwa. Wakiinua barabara mpya huku, maji ya kule yanatafuta nyumba nyingine. Ujuzi wako wa mwaka jana unaoza kama samaki.

Ukungu nao ulikuwa na vituko vyake. Ukungu wa Doha unakuja asubuhi tulivu za baridi, na unakuwa mzito zaidi nje ya mji, kama Al Wukair. Madam Lorna alikaa West Bay, ghorofa ya juu sana. Nikimpigia alfajiri kumwambia kwamba silioni duka la ng'ambo ya mtaa, yeye ananijibu kwamba jua linachomoza vizuri na vilele vya majengo vinapendeza. Alikuwa juu ya ukungu. Tulikuwa tunazungumza kama watu wa nchi mbili.

Tukatafuta mtu wa tatu. Nilikuwa na rafiki Mganda, Wasswa, mlinzi wa getini katika nyumba za kampuni kule Al Wukair. Mbele ya geti lake palikuwa na mitende imepandwa mstari kando ya barabara. Tukakubaliana: akiiona mitatu, mabasi yaende. Akiona miwili, yaende polepole. Akiona mmoja, tusubiri. Utaratibu huo ulifanya kazi vizuri sana, na watu wa mabasi ya shule nyingine walianza kumpigia Wasswa.

Asubuhi moja akaniambia haoni hata mmoja. Nikazuia mabasi yote. Wazazi walipiga simu wakasema kwao kweupe. Nikawaambia kwao si Al Wukair. Saa nzima ilipita, jua likapanda, nikampigia tena. Bado haoni hata mmoja. Nikamuuliza anaona nini. Akasema anaona barabara yote, mpaka msikitini, na magari, na mtu anayeuza vocha. Mitende ilikuwa imekatwa jana yake kupisha upanuzi wa barabara.

Nilimuuliza kwa nini hakusema. Akasema nilimuuliza mitende.

Madam aliposikia akasema kwamba taarifa ya Wasswa ilikuwa sahihi na swali ndilo lilikuwa na kasoro. Tukabadilisha swali.

Kuna mwaka ambao yeye mwenyewe alileta tabu. Katika mkusanyiko wa asubuhi aliwasimulia watoto kwamba kwao, mtoto akitaka shule ifungwe kwa theluji, analala na kijiko chini ya mto na nguo za kulalia amezigeuza ndani nje. Alisimulia kama kichekesho. Wiki ile Doha nzima, nyumba zenye watoto wetu, vijiko vilipungua. Mama mmoja wa Kimisri alikuja ofisini kulalamika kwamba mwanawe amelalia upawa wa mchuzi, na si kwamba umeoshwa. Mvua haikunyesha. Madam alitoa tangazo kwamba vijiko vya Doha havina nguvu hiyo. Mtoto mmoja alimwuliza kama uma zingefaa, naye akasema hajafanya utafiti.

Sasa niwaambie ile siku.

Ilikuwa katikati ya miaka ya elfu mbili na kumi, msimu wa mvua za mwanzo. Watu wa hali ya hewa walikuwa wamesema: mvua ya radi, mchana. Niliamka, nikazunguka. Barabara kavu, mitaro imesafishwa, maboza yako mahali pake. Nikampigia Madam nikamwambia mabasi yatapita.

"Kwenda," akasema. "Na kurudi?"

Tulihesabu pamoja. Watoto wa chekechea huondoka kabla ya adhuhuri, wakubwa baadaye. Tukaona chekechea watakuwa wamefika kwao mapema, na wakubwa tutawaangalia mvua itakapoanza. Ilionekana ni busara. Bado naona ilikuwa busara, kwa tulichokijua.

Mvua haikusubiri mchana. Basi la chekechea la Al Wukair lilikuwa limetoka getini muda si mrefu, Gul kwenye usukani, na Akinyi kama matroni wa basi. Akinyi alikuwa binti wa Kisumu, mwembamba, asiyependa maneno mengi, aliyekuja Doha kufanya kazi za ndani na kuhamia kwetu mwajiri wake alipohama nchi. Watoto walimwogopa na kumng'ang'ania kwa wakati mmoja. Mbingu ilikuwa rangi ya sufuria. Kisha ikaja mvua ambayo sikupata kuiona Doha kabla yake, ya kulala ubavu, na kelele ya mabati ya kivuli cha magari ikafanya tusisikilizane.

Mimi nilitaka mabasi mengine yatoke haraka, kabla maji hayajajaa. Madam alisimama mlangoni, mikono nyuma, akakataa. Hakuna basi litakalotoka. Nikamwambia bado kuna nafasi kidogo. Akanijibu taratibu:

"Theluji imenifundisha jambo moja. Mtoto aliye ndani ya jengo lenye choo hajapotea."

Wazazi waliokuwa na magari makubwa wakaanza kufika. Baba mmoja, mhandisi kutoka West Bay, aliingia akiwa amelowa mpaka kwenye tai, akataka kujua kwa nini mabasi yamesimama kama mapambo. Alipaza sauti. Alisema watoto wanapaswa kuwa makwao. Madam alimpa taulo. Mwanawe wa kiume alikuwa darasani, mkavu, anachora. Binti yake mdogo alikuwa kwenye basi la Al Wukair, kwa kuwa siku hizo akitoka shule hushushwa kwa bibi yake huko.

Nikampigia Gul. Haipatikani. Nikampigia Akinyi. Mji wote ulikuwa unapiga simu wakati mmoja, mtandao umelemewa. Nilipiga mpaka kidole kikachoka. Muda ambao basi lingekuwa limemshusha mtoto wa kwanza ukapita. Muda wa mtoto wa mwisho ukapita. Bibi wa yule binti akafanikiwa kupata laini ya shule, akauliza mjukuu wake yuko wapi. Madam alimjibu mwenyewe. Alisema tunawafuata. Alipoweka simu alinitazama, nikajua huyo anayewafuata ni mimi.

Gari la shule lisingepita. Nikakimbia mpaka makutano, nikamkuta Zarin, binamu yake Gul, ndani ya boza lake, ameshaanza kunyonya. Nilimwambia Gul hapatikani. Hakuuliza swali. Alichomoa mpira, akaniambia nipande. Boza ni refu kutoka chini, na lenye maji nusu ni zito, halisukumwi. Tukaenda hivyo, maji yanapasuka pande zote mbili, magari madogo yameachwa milango wazi, taa zao bado zinawaka chini ya maji. Zarin alikuwa anasoma dua kwa sauti ndogo. Mimi nilikuwa natafuta rangi nyeupe, kwa sababu mabasi yetu yalikuwa meupe.

Tuliliona basi nyuma ya tuta la udongo la barabara mpya waliyokuwa wanajenga Al Wukair. Limeegemea ukingo, maji yamefika ngazi ya pili, mlango wazi. Nikashuka. Maji yalikuwa mapajani, baridi, ya rangi ya chai. Nikaita. Nikapanda ndani.

Ndani hamkuwa na mtu.

Vijana, juu ya kila kiti tulikuwa tumebandika picha ya mnyama, ili mtoto asiyejua kusoma ajue kiti chake. Twiga, sungura, samaki, tembo. Nilisimama kwenye ujia nikawatazama wanyama wale mmoja mmoja. Chini kilikuwa kinaelea kichupa cha juisi na kiatu kimoja cha mtoto, cha kushoto. Nilikiokota nikakikamua maji, sijui kwa nini. Zarin alizima injini ya boza ili tusikie. Tulisikia mvua tu.

Nilirudi mlangoni nikaona kitu cheupe kinapepea juu ya ukuta wa nyumba moja kubwa, mbali kidogo na barabara. Alikuwa mtu anapunga kitambaa cha jikoni. Nikamwendea nikiwa nakimbia, kama unaweza kuita kukimbia, ndani ya maji. Aliponiona sura akanisemesha Kiswahili cha Unguja. Alikuwa dereva wa nyumba hiyo, jina lake Makame.

"Usihangaike, baba," alisema. "Wako ndani wote. Wameshakula, ila mmoja tu hataki samaki."

Niliegemea ukuta. Makame alinisubiri nimalize kuegemea.

Ndani, katika sebule ya wageni, watoto walikuwa wameketi kwenye magodoro ya sakafuni wakizunguka sinia za wali, wamevishwa fulana na kanzu za wajukuu wa nyumba ile, nyingine zinaburura. Mwenye nyumba, bibi wa makamo, alikuwa anamkausha mmoja nywele na kumkemea kwa Kiarabu kwa kosa la kuwa na nywele nyingi. Akinyi alikuwa amesimama mlangoni, viatu mkononi, na hakukaa mpaka nilipoingia. Gul alikuwa peke yake barazani, maji yanadondoka ndevuni.

Nilisimuliwa kwa vipande. Gul alifika pale akaona maji, akasema basi litapita, kwa kuwa pale anapajua na si pa kujaa. Akinyi alikuwa amesimama mbele, kama anavyosimama matroni, akaona gari lililotangulia linainuka nyuma na kugeuka kama karai. Akamwambia asimame. Gul akabisha. Akinyi akaketi kwenye ngazi ya mlango ulio wazi na kusema kwamba Gul akiliingiza basi majini, yeye ndiye wa kwanza kuzama. Gul akasimama. Lakini maji hayakusimama, yaliendelea kupanda, kwa sababu lile tuta jipya lilikuwa limeyafungia upande huo. Hapo Akinyi aliamua. Aliwapanga watoto, kila mmoja ameshika mkanda wa begi la mwenzake, akatangulia mbele, na wadogo kabisa Gul akawabeba mabegani, wawili wawili, akienda na kurudi, mpaka geti la kwanza lililoonekana. Akinyi aligonga kwa kiatu.

Nilimuuliza kama alijaribu kunipigia.

"Nilijaribu, Mzee. Hakukuwa na network," alisema. "Ningengoja ruhusa yako, saa hii tungekuwa tunaogelea."

Alisema bila kiburi. Kisha akaketi, akaanza kukung'uta maji ya viatuni.

Nikaenda kwa Gul. Nilikaa karibu yake. Alikuwa anatazama barabara, ambayo haikuwepo tena.

"Hapa si bahari," akaniambia. "Miaka yote. Hapa si bahari."

Nilimwambia amewabeba vizuri. Zarin aliingia, akamvua shali yake iliyolowa, akamfunika na ya kwake, na wakaanza kugombana kwa Kipashto, nikajua Gul atapona.

Boza la Zarin lilifanya kazi mpaka jioni, na mengine yakaja kulisaidia. Wazazi walifika mmoja mmoja. Yule bibi mwenye nyumba hakumruhusu mzazi yeyote kuondoka bila kunywa kahawa, kwa hiyo ilichukua muda. Mhandisi alifika kwa miguu kutoka pale alipoacha gari, suruali ameikunja. Alimchukua binti yake, ambaye alikuwa ndiye mwenye kiatu kimoja. Nikampa kile kingine. Binti alimwuliza baba yake kama kesho watarudi kwenye nyumba hii.

Kesho yake shule ilifungwa, kwa tangazo rasmi kabisa. Mbingu ilikuwa ya bluu toka upande hadi upande, hakuna wingu hata la kufutia kioo. Nilikuwa getini naangalia mabasi yaliyolowa yakianikwa viti. Akaja mhandisi na mwanawe amevaa sare. Ujumbe haukumfikia, simu yake ilikuwa imekufa maji. Akauliza kwa nini geti limefungwa. Nikamwambia shule imefungwa kwa sababu ya mvua.

Alitazama juu. Mtoto naye akatazama juu.

"Lakini kuna jua," alisema.

"Ndiyo," nikamjibu. "Imefungwa kwa ajili ya jana."

Alitikisa kichwa kama mtu aliyeelewa, na nadhani alielewa. Kisha akaniuliza kama yule dada wa basi yupo. Nikamwambia amelala. Akasema nimwambie, halafu akatafuta neno, hakulipata, akamshika mwanawe mkono wakaenda zao. Nilimfikishia Akinyi ujumbe huo kama ulivyokuwa. Akasema ameupokea.

Baada ya hapo tulibadilisha mengi. Kila asubuhi ya shaka, Madam alikuwa akianza na swali la kurudi, na la kwenda linafuata. Akinyi alihamishiwa ofisini kwangu. Yeye alishika makundi ya WhatsApp ya wazazi na zile picha za mawingu kwenye simu, zenye madoa ya kijani na mekundu. Mimi niliendelea kwenda kuangalia maboza. Tulikuwa tukibishana kila msimu. Nikimwambia kausi imevuma siku mbili, ananigeuzia simu nione doa liko Bahrain na linakwenda kwingine. Mara nyingine alipatia yeye, mara nyingine mimi, na mara nyingi haikunyesha kabisa, tukabaki tumekaa na chai yetu.

Gul alirudi kwao. Miezi yake ya mwisho alianza upya Ijumaa zake, peke yake, akizunguka kujua barabara mpya zinasukumia wapi maji. Aliniachia maelezo kwa mdomo, njia moja moja, nami nikampa Akinyi. Madam Lorna naye mkataba wake ukaisha. Siku ya kumuaga watoto walimkabidhi kijiko kilichofungwa utepe. Alitembea nacho mpaka kwenye gari kwa ule mwendo wake wa kutoteleza.

Nilipostaafu simu ya ofisi ilibaki kwa Akinyi. Nilirudi Tanga, nikajenga baraza, nikaanza kuzoea mbingu ambayo haiulizwi maswali.

Kisha asubuhi moja, mmoja wenu alinionyesha video kwenye simu. Doha. Nilitambua kile kipilefti cha paka, kimejaa, teksi inaelea katikati. Niliweka kiti karibu na simu yangu, nikachemsha chai, nikangoja Akinyi anipigie. Nilijua ataniuliza njia ya Al Wukair. Nikapanga kichwani namna ya kumweleza, tangu tuta la barabara mpya mpaka msikitini. Chai ikapoa. Nikachemsha nyingine. Adhuhuri ikaingia, ikapita.

Nikampigia mimi.

"Shikamoo, Mzee," alisema. Neno hilo alilijifunza kwangu, na alilitamka haraka kama mtu mwenye kazi. Akaniambia ameshafunga shule tangu jana jioni, watoto wako makwao, mabasi yako juu ya mwinuko. Nikaanza kumweleza habari za lile tuta. Alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaniambia, kwa upole, kwamba tuta halipo tena, pale sasa kuna daraja, na maji yanapita chini.

Nikasema, vizuri.

Akaniuliza kama na sisi Tanga kunanyesha. Nikamwambia sijui, nitaangalia. Nilipotoka nje kwenda barazani nguo zote kwenye kamba zilikuwa zimelowa chapa.